Mdogo wangu ameposti bunduki ya marehemu baba Facebook aiuze, hii ni halali kweli?

mwana_mtongwe

Assalam aleikum wakubwa kwa wadogo, nisameheni kama naandika ovyo, tangu juzi sijalala vizuri. Baba alitutoka mwezi wa tatu, Mungu amrehemu. Alikuwa na shamba upande wa Shimba Hills na alikuwa na bunduki, shotigani ya zamani ya mitutu miwili, ya kufukuzia nguruwe na nyani kwenye mahindi, na leseni alikuwa nayo kihalali kabisa, kila mwaka akienda kuirinyu, hilo mtaa mzima walijua. Alipofariki vitu vyake vililetwa huku kwa mama na bunduki ikaja navyo, iko chini ya kitanda imekunjwa ndani ya mkeka na kuna boksi la risasi pembeni.

Sasa juzi mdogo wangu bila kumuuliza mtu akaipiga picha akaiposti kwenye grupu moja la Facebook la kuuza vitu Mombasa, katikati ya mafriji na makochi, ameandika ni shotigani ya mzee bado nzima, 80,000, mwenye nia aje inboksi. Mimi nimeonyeshwa na shemeji yangu. Kumwuliza ananijibu kwa raha zake kwamba ile ni mirathi kama ng'ombe na baiskeli ya mzee, karatasi za leseni zipo, Marekani watu wauza bunduki mtandaoni kila siku, na isitoshe Facebook wenyewe hawajaifuta kwa hivyo hakuna kosa. Na nia yake si mbaya, deni la hospitali bado liko na mama analia nalo kila mwisho wa mwezi.

Kilichonitisha ni zile meseji. Kwa masaa machache watu zaidi ya 20 walikuwa washaingia inboksi, na mmoja alimwambia yuko tayari kulipa laki moja, hataki karatasi yoyote, wakutane Mwembe Tayari saa tatu usiku na aje peke yake. Karatasi hataki lakini bei ameongeza! Hebu niambieni, sheria yasemaje na nifanye nini kabla huyu kijana hajaenda huko?

---

Kadzo_wa_Kisauni

Kakangu pole sana na msiba. Kwanza kabla hujasoma majibu ya wengine, mwambie atoe hilo tangazo SASA na asiende Mwembe Tayari, hata mkienda wawili msiende.

Mimi ni admini wa grupu la kuuza mitumba na vyombo, tuko watu elfu na kitu, na nitakwambia haya mambo huingia zaidi ya watu wanavyodhani. Mwanzoni sikuwa naelewa, mtu anaposti ati anauza mguu wa kuku na njugu, mimi nadhani ni mambo ya hoteli nikaacha, mpaka mume wangu akaniambia mguu wa kuku ni bastola na njugu ni risasi. Nilitetemeka. Tangu siku hiyo kila tangazo kwenye grupu langu lapita kwangu kwanza kabla halijaonekana, kazi ni nyingi lakini siwezi kukubali jina langu liwe pale juu halafu mtu auziwe chuma cha kumwibia jirani yangu.

Na hilo la Facebook kutoifuta lisiwape moyo. Wao wenyewe walipiga marufuku watu binafsi kuuziana bunduki tangu Januari 2016, Facebook na Instagram zote. Kutofutwa ni kwamba hakuna aliyeripoti bado ama mashine yao haijaelewa Kiswahili cha mdogo wako, basi.

---

Mzee_wa_Tudor

Mwanangu nimekaa kwenye kazi ya usalama miaka mingi mpaka nikastaafu, na nyingi katika hizo nilikuwa stoo ya silaha, kwa hivyo nisikilize vizuri.

Kitu ambacho watu wengi hawakielewi ni kwamba Kenya leseni ya bunduki hupewa MTU, haipewi bunduki. Ile setifiketi ni ya baba yako, jina lake, kitambulisho chake, sababu yake ya kuwa nayo, na idadi ya risasi alizoruhusiwa. Siku aliyofariki ile karatasi ilifariki naye. Bunduki imebaki lakini hakuna hata mmoja nyumbani kwenu mwenye ruhusa ya kuishika, si mama, si wewe, si mdogo wako. Sheria yenyewe ni Firearms Act, yaani sheria ya silaha ya Kenya, Cap 114 (sura ya 114), ya tangu enzi za mkoloni, na kifungu cha 4 chasema wazi kununua, kupata ama kuwa na bunduki au risasi bila setifiketi ni kosa, na kwa bunduki ya kawaida kifungo ni kati ya miaka 5 na 10, zile silaha zilizopigwa marufuku ni 7 mpaka 15. Na angalia neno hilo, kuwa nayo. Haihitaji kuiuza, ile kukaa chini ya kitanda tu peke yake yatosha.

Sasa kuuza. Anayeuza kama biashara lazima awe muuzaji aliyesajiliwa na awe na rejista yake. Mtu binafsi mwenye setifiketi anaweza kuhamisha bunduki yake, lakini kwa muuzaji aliyesajiliwa ama kwa mtu atakayemwonyesha karatasi inayomruhusu kununua bunduki hiyo, na ofisi ya leseni ijue. Sheria haisemi habari za Facebook kwa sababu iliandikwa kabla baba yako hajazaliwa pengine, lakini haihitaji kusema, iwe umeuza sokoni Kongowea ama kwenye simu, swali ni lile lile, wewe una karatasi na yeye ana karatasi? Huyo wa laki moja ashajibu swali lake mwenyewe, ameshasema hataki karatasi.

Na ngoja niwaambie kitu vijana wa Likoni mnaosoma hapa. Mwezi wa nane 1997 stesheni ya polisi ya Likoni ilivamiwa usiku, askari sita waliuawa na bunduki zaidi ya 40 zikachukuliwa. Wengine wenu mlikuwa hamjazaliwa. Mimi nilikuwepo Mombasa. Wiki zile zilizofuata watu walipanga mstari wa feri na magodoro kichwani kuihama Likoni, wengine hawakurudi mpaka leo, nyumba zao zilichomwa. Nilizika rafiki. Kwa hivyo mtu akiniambia ni bunduki moja tu ya mzee ya kufukuzia nyani, moyo wangu hauwezi kulichukulia jambo hilo jepesi. Hakuna bunduki ya mtaani iliyozaliwa mtaani, karibu kila moja ilianzia kwa mtu aliyekuwa nayo kihalali, ikaibiwa ama ikauzwa ama ikasahaulika chini ya kitanda.

---

Khamis_Columbus

Salaam. Mimi ni mtu wa Majengo lakini niko Ohio mwaka wa 11 sasa, na hiyo hoja ya mdogo wako ya Marekani naisikia kila nikirudi nyumbani, wacha niieleze manake watu wanaipokea nusu nusu.

Kwanza huku kumiliki bunduki ni haki iko kwenye katiba yao, Kenya hakuna haki kama hiyo, kwetu ni ruhusa unayopewa na inayoweza kuchukuliwa. Hapo tu mazungumzo yashaachana. Pili hata huku si hivyo kama anavyodhani, ukinunua bunduki kwenye tovuti ya duka haiji mlangoni kwako kama viatu, yapelekwa kwa muuzaji mwenye leseni karibu na kwako, unaenda pale, unajaza fomu, jina lako linachunguzwa, sheria hiyo ya kuchunguza ni ya 1993. Ukitaka kumuuzia mtu wa jimbo jengine lazima ipitie kwa muuzaji mwenye leseni. Tundu liko kwa watu binafsi walio ndani ya jimbo moja, sheria ya taifa haiwalazimishi kumchunguza mnunuzi, ingawa hawaruhusiwi kumuuzia mtu wanayejua amekatazwa. Na majimbo mengine kama California yameliziba hilo tundu, kila mauzo lazima yapitie kwa muuzaji mwenye leseni.

Na lile tundu limeua watu. 2012 kule Wisconsin kulikuwa na mwanamume ambaye mahakama ilishamkataza kuwa na bunduki kwa sababu alikuwa akimpiga mkewe. Akaingia kwenye tovuti moja ya matangazo inaitwa Armslist, akapata mtu binafsi anauza bastola, hakuulizwa chochote, akaenda nayo hadi saluni alikokuwa akifanya kazi mkewe akamuua yeye na wanawake wengine wawili, halafu akajiua. Binti wa yule mama akaishtaki tovuti, kesi ikafika mahakama ya juu ya Wisconsin, na 2019 wakaamua kwamba tovuti imelindwa na sheria ya intaneti ya 1996 kwa sababu tangazo liliandikwa na mtu mwengine. Fikiria, mtoto amempoteza mama na mwenye tovuti hana la kujibu. Huo ndio mfano ambao mdogo wako anataka kuufuata.

Tena hilo la kwamba wenye mtandao hawajafuta, basi waulizeni watu wa Libya. Baada ya Gaddafi kuanguka watu walikuwa wauziana kwenye magrupu ya Facebook mpaka silaha za kutungulia ndege, na nchi iko chini ya vikwazo vya silaha vya Umoja wa Mataifa tangu 2011. Watafiti walihesabu matangazo zaidi ya 1,300 kwenye magrupu machache tu. Magrupu hayo hayakufutwa mpaka waandishi wa habari wakapiga kelele 2016. Je ilikuwa halali muda wote huo?

---

kijana_magongo

Naona kama mnamtisha jamaa bure jamani. Mzee wa Tudor mwenyewe amesema mtu anaweza kumuuzia mwenye leseni, sasa si waandike tu kwenye tangazo wenye leseni peke yao ndio waje inboksi? Deni la hospitali ni la kweli na ile bunduki ina thamani. Mbona iende bure kwa serikali

---

Mzee_wa_Tudor

@kijana_magongo Nimesema mtu mwenye SETIFIKETI anaweza kuhamisha. Huyu hana. Hawezi kuhamisha kitu ambacho kisheria hata kukishika hawezi, hata mnunuzi awe ni jaji. Na wewe utajuaje kwamba karatasi anayokuonyesha mtu kwenye simu ni ya kweli? Mwisho wa 2018 mpaka 2019 Bodi ya Leseni za Silaha iliwaita wamiliki wote wa bunduki nchini wakachunguzwa upya wapewe kadi mpya za kisasa, ile Bodi yenyewe iliundwa na sheria ya 2014. Kumbe kulikuwa na karatasi za kila namna mkononi mwa watu. Sasa wewe kijana wa Magongo na simu yako utazitambua vipi?

Deni silikatai, naliona. Lakini deni la hospitali laweza kulipwa polepole, kijana akiingia jela ya Shimo la Tewa miaka mitano nani atalilipa?

---

mwana_mtongwe

Wallahi nimesoma yote mpaka mikono yatetemeka. Sikujua kama hata kuiweka ndani ni kosa, miezi mitano sasa! Tangazo limetolewa, nilimshika simu nikaona kwa macho yangu likifutwa. Yeye sasa amenyamaza kabisa.

Sasa nauliza, kesho asubuhi niifunge kwenye begi niipeleke stesheni mwenyewe? Nilifikiria kuvuka nayo feri nimpelekee rafiki yake baba ambaye ni afande kule kisiwani, yeye atajua la kufanya.

---

paralegal_Changamwe

USIVUKE NAYO FERI!! Ndugu yangu tafadhali. Pale kuna ukaguzi wa abiria na mizigo, utashikwa na bunduki na risasi kwenye begi huna karatasi yenye jina lako, na hata useme ulikuwa waisalimisha nani atakusikiliza pale watu wote wamelala chini. Matatu pia usipande nayo, bodaboda pia hapana.

Nafanya kazi ya msaada wa kisheria, si wakili, lakini kesi za kuandikisha vitu nimezishika nyingi. Fanya hivi, nenda stesheni iliyo karibu na kwenu MIKONO MITUPU, wewe na mtu mzima mwengine wa familia, ikiwezekana na mzee wa mtaa ama chifu. Chukua kile kitabu cha leseni cha marehemu, setifiketi ya kifo, na kitambulisho chako. Omba kumwona OCS mwenyewe, yaani mkuu wa stesheni, usieleze habari yote pale kaunta mbele ya watu, mwambie baba amefariki ameacha silaha nyumbani mnataka kuisalimisha, waje waichukue. Wao ndio watakuja. Mpaka wafike msiiguse, msiifungue kuangalia kama ina risasi ndani, watoto watoke chumba hicho kabisa. Wakishaichukua usiondoke bila namba ya OB, kile kitabu cha polisi cha kuandikia matukio, na karatasi iliyoandikwa namba ya bunduki yenyewe na hesabu ya risasi, moja moja, mhesabu pamoja.

Halafu hili la meseji. Tangazo kulitoa ni sawa lakini zile meseji za inboksi asizifute. Watu wakishikwa na hofu hukimbilia kufuta kila kitu na ndio huonekana kama wanaficha. Ushahidi wa simu wakubalika kortini, kifungu cha 78A cha Sheria ya Ushahidi, kiliingizwa na ile ile sheria ya 2014 aliyoitaja Mzee, na ujue mtu mwengine ashapiga skrinshoti zamani. Kama atatakiwa kueleza basi aeleze ukweli, alijaribu kuuza hakuuza, familia ikajua ikasimamisha ikaja yenyewe. Huyo wa laki moja polisi watataka kumjua zaidi kuliko mdogo wako. Na kabla hajaandika maelezo yoyote ongea na wakili, kama hamna pesa niandikie inboksi nikuelekeze kwa wanaosaidia bure hapa Mombasa.

Kuhusu thamani, bunduki ikiwa imesalimishwa si lazima iwe ndio mwisho. Mtu wa familia mwenye sababu ya kweli, kama yule atakayelima shamba, anaweza kuomba setifiketi kwa jina lake na Bodi itamchunguza kivyake, tabia njema na mengine yote, na wanaweza kukataa. Mirathi ikienda kwa kadhi, kadhi atagawa mali, ruhusa ya kushika bunduki hawezi kuigawa.

---

Bi_Kongowea

Mimi nataka kuongeza upande wa wanunuzi manake hapa mmeongea ya muuzaji tu. Jirani yangu ana duka la jumla, aliibiwa mara mbili mwaka mmoja, mara ya pili walimpiga panga la mkono. Akaingiwa na hofu ile ya kweli, halali, na akaona ukurasa mtandaoni wauza bastola na ati watakuletea na leseni yake ndani ya siku tatu. Akatuma 15,000 ya kwanza kwa simu. Wakamwambia bado 20,000 ya leseni, akatuma. Halafu namba ikazima, ukurasa ukapotea.

Na angeripoti wapi? Angesema nini, nilikuwa nanunua bastola bila leseni nikatapeliwa? Alikaa na uchungu wake mpaka akanihadithia mimi tu, na hapa naandika bila kumtaja. Leseni ya bunduki hailetwi na mtu wa mtandaoni jamani. Inaanzia kwa polisi wa eneo lako, unapekuliwa, unaulizwa kwa nini waitaka, na mwisho ni Bodi ndiyo yaamua. Yeyote anayekwambia atakuletea bunduki na leseni kwenye kifurushi kimoja, huyo ni mwizi.

Baadaye tulichanga wenye maduka saba tukaweka taa na askari wa usiku mmoja wa kampuni. Hajaibiwa tena mpaka leo, namshukuru Mungu.

---

mwana_mtongwe

Wapendwa narudi kuwaambia kilichotokea, niliahidi.

Jana asubuhi tulienda mimi, shemeji na mzee wa mtaa, mikono mitupu kama mlivyosema. Pale kaunta nilishikwa na kigugumizi lakini mzee wa mtaa akaomba tuonane na mkubwa. Tulingoja karibu masaa mawili. Alipotusikiliza swali la kwanza aliuliza iko wapi sasa hivi na nani yuko nayo nyumbani. Wakaja askari watatu kwa gari isiyo na maandishi, nashukuru kwa hilo manake majirani wengi hawakujua. Mama alikuwa amekaa kwenye kiti nje ya mlango wa chumba tangu alfajiri, hakukubali mtu apite.

Wakaitoa kwenye mkeka. Ilikuwa na risasi moja ndani! Miezi mitano, wajukuu wawili wanalala kitanda kile na nyanya yao. Nilipoiona ile risasi inatoka miguu iliniishia nikakaa chini. Kwenye boksi zilikuwa 17, wakahesabu na mimi nikihesabu, namba ya bunduki ikalingana na ya kwenye kitabu cha baba, nikapewa namba ya OB.

Mdogo wangu aliitwa mchana akaenda na wakili ambaye paralegal alitutafutia, Mungu akulipe dadangu. Aliandika maelezo, simu yake imebaki kwao kwa sababu ya zile meseji, na ameambiwa arudi wiki ijayo. Hatujui itaishia vipi. Jana usiku alikuja chumbani kwangu akakaa kitandani hakusema kitu muda mrefu, halafu akaniuliza yule mtu wa Mwembe Tayari angemfanya nini. Sikuwa na jibu.

Deni bado ni 112,000. Kesho naenda hospitali kuwaomba tulipe kidogo kidogo, na ile baiskeli ya mzee nimeiposti leo. Mama ameutandika ule mkeka uani, amesema hataki tena ukae chini ya kitanda.